JINA LAKO NI AMANA
Sheria zilindazo habari za mtu zilizo mikononi mwa serikali na makampuni

Kabla ya kusema neno lolote juu ya sheria, sikilizeni mfano huu.

Mama mmoja wa Katuba, mjane, muuza sombe na samaki wakavu sokoni, alipoteza simu yake katika basi. Akapata simu nyingine, lakini alihitaji kadi mpya ya kuitia ndani. Basi akamwendea kijana mmoja aketiye chini ya mwavuli kando ya barabara. Kijana akamwambia, "Mama, unipe kadi yako ya uchaguzi." Mama akaitoa katika fundo la kitenge chake. Kijana akaipiga picha mbele na nyuma kwa simu yake mwenyewe, akaandika maneno machache, akamrudishia. "Imekwisha, mama. Uende salama."

Kazi hiyo haikuchukua hata dakika kumi. Mama akarudi sokoni na furaha yake. Hakujiuliza: ile picha imebaki wapi?

Baada ya majuma matatu simu ikalia jioni, naye yu jikoni akisonga bukari. Sauti ya heshima ikamwita kwa majina yake yote matatu. Ikamtajia siku aliyozaliwa, na hata jina la marehemu baba yake. "Mama, sisi ni watu wa ofisi ya simu. Tunasahihisha madaftari yetu. Ututajie namba yako ya siri, la sivyo simu yako itafungwa usiku huu." Je, ni nani atakayemshuku mtu amjuaye hata baba yake mzazi? Mama akaitaja. Kulipokucha, fedha aliyoiweka katika simu kwa ada ya shule ya watoto wake ilikuwa imekwisha, isibaki hata franka moja.

Mama huyo tumemtunga sisi, ili mfano uwe mwepesi kufahamika. Lakini wizi wa namna hii haukutungwa. Watu wa Lubumbashi waujua, tena katika kila jumuiya ndogo ya Kikristo hakosekani mtu wa kuusimulia. Nasi twauliza: kosa lilianzia wapi? Wengi watasema lilianzia pale mama alipotaja namba yake ya siri. Sivyo. Lilianzia chini ya mwavuli, siku habari zake zilipochukuliwa na mtu asiyekuwa na haki ya kuzitunza.

HABARI ZA MTU NI KITU GANI?

Habari za mtu ni kila neno limtambulishalo: jina lake, wazazi wake, siku na mahali alipozaliwa, nyumba akaayo, namba ya simu yake, sura yake katika picha, alama za vidole vyake. Ni habari pia za mshahara wake, deni lake, na watu azungumzao nao kwa simu. Kisha ziko habari nyingine zilizo nzito zaidi, ambazo zikitoka nje zaweza kumharibia mtu maisha yake yote: ugonjwa wake, dini yake, kabila na asili yake, chama chake cha siasa.

Zamani habari hizi zilikaa vichwani mwa majirani. Leo zimekaa katika madaftari na mashine: katika ofisi ya komini, hospitalini, shuleni, katika benki, katika kampuni ya simu, katika kampuni ya migodi. Hatuwezi kuishi bila kuzitoa. Daktari asiyejua ugonjwa wako atakutibuje? Mwalimu asiyejua jina la mtoto atamwitaje?

Lakini kutoa si kupoteza. Wazee wetu walijua vema maana ya amana. Mtu akisafiri, huacha sanduku lake kwa jirani. Jirani hulitunza, wala hana ruhusa ya kulifungua, kuliazima wala kuliuza. Mwenyewe akirudi, hulikuta kama alivyoliacha. Basi habari zako zilizo katika ofisi ya serikali au ya kampuni ni kama sanduku hilo. Daftari ni la ofisi, lakini habari zilizoandikwa ndani ni zako. Hilo ndilo neno moja ambalo sheria zote tutakazozitaja hapa zalisema, kila moja kwa namna yake.

KATANGA YAJUA MAANA YA FAILI

Mji wetu ulianza mwaka 1910 kwa jina la Elisabethville, nao ukapewa jina la Lubumbashi mwaka 1966. Ni mji uliojengwa juu ya shaba, na shaba ilileta pamoja nayo karatasi. Kampuni ya Union Minière, iliyoundwa mwaka 1906, ilikusanya wafanyakazi kutoka pande nyingi, ikawaweka katika kambi pamoja na wake na watoto wao. Posho ilitolewa kwa hesabu ya watu wa nyumba, na kwa hiyo kampuni ilitaka kujua: mke ni nani, watoto ni wangapi, nani ameugua, nani ameondoka. Mengine yalikuwa ya msaada, maana mtoto alipata maziwa na mgonjwa alipata dawa. Lakini nani katika siku zile angethubutu kumwomba mkubwa wa kambi amwonyeshe yaliyoandikwa juu yake?

Serikali ya kikoloni nayo ilikuwa na macho yake. Mwaka 1948 ilileta kadi ya sifa njema ya raia, na mwaka 1952 ikaleta uandikishaji wa wale walioitwa "évolués". Mwafrika aliyeomba kuandikishwa hivyo alichunguzwa maisha yake yote. Wakaguzi walifika mpaka nyumbani kwake, wakatazama jinsi familia inavyoishi, hata jikoni na mezani. Mtu mzima, baba wa watoto, alisimama mlangoni kwake mwenyewe kama mwanafunzi angojaye maksi. Wazee waliokumbuka siku hizo walisimulia habari hizo kwa kicheko, lakini ndani ya kicheko hicho mlikuwa na uchungu. Nyumba ya mtu ilikuwa imegeuzwa kuwa karatasi ya mtihani.

Faili yaweza pia kudhuru kwa kosa dogo la kalamu. Union Minière ilitwaliwa na serikali mwaka 1967, na hatimaye shirika lililoirithi likaitwa Gécamines. Mwaka 2003 wafanyakazi zaidi ya 10,000 wa Gécamines waliondoka kazini katika mpango ulioitwa wa kuondoka kwa hiari. Katika mambo kama hayo, haki ya mtu hupimwa kwa yale yaliyoandikwa: ameingia kazini mwaka gani, amezaliwa lini, jina lake laandikwaje. Herufi moja iliyokosewa na karani miaka 30 iliyopita yaweza kumfanya mzee apande na kushuka ngazi za maofisi mpaka achoke. Kwa hiyo, kulinda habari za mtu si kuzificha tu. Ni kuhakikisha pia kwamba ni za kweli.

ORODHA ILIYOGEUKA SILAHA

Labda msomaji atasema: "Mimi ni mtu mwema, sina la kuficha. Waandike watakacho." Rafiki, swali si kama wewe u mwema. Swali ni kama yule atakayelishika daftari kesho atakuwa mwema.

Katika nchi ya Uholanzi, kabla ya vita kuu ya pili, serikali iliweka daftari zuri sana la wakazi, na ndani yake dini ya kila mtu iliandikwa. Halikuwekwa kwa nia mbaya. Lakini mwaka 1940 majeshi ya Hitler yaliiteka nchi, nayo yakalikuta daftari hilo tayari mezani. Waliowatafuta Wayahudi hawakuhitaji kubisha hodi kila mlango, kwani mitaa na namba za nyumba zilikuwa zimeandikwa. Wayahudi zaidi ya 100,000 wa nchi hiyo waliuawa. Tarehe 27 Machi 1943 wazalendo wachache waliingia katika ofisi ya daftari mjini Amsterdam wakaitia moto, ili kadi ziungue. Kumi na wawili miongoni mwao walipigwa risasi. Walikufa kwa sababu walifahamu kwamba karatasi nayo yaweza kuua.

Hatuna haja ya kwenda mbali hivyo. Nchini Rwanda, jirani yetu, tangu miaka ya 1930 serikali ya Wabelgiji ilikuwa imeandika kabila la kila mtu katika kitambulisho chake. Mwaka 1994, katika vizuizi vya barabarani, wauaji walisema neno moja: "Toa kitambulisho." Neno moja lililoandikwa katika kadi hiyo lilitosha kumtenga mtu afe. Watu mamia ya maelfu waliuawa katika muda wa siku mia moja hivi. Baadaye nchi hiyo iliondoa kabila katika vitambulisho vyake.

Na sisi wa Katanga tusijifanye wageni wa jambo hili. Mwaka 1992 na 1993 watu wenye asili ya Kasai, wengi wao wazaliwa wa hapa hapa, walifukuzwa Likasi, Kolwezi na kwingineko. Walilala katika vituo vya reli wakingoja gari la moshi, na wengi walikufa, wakubwa kwa watoto. Katika siku hizo mtu hakuulizwa aliishi vipi na jirani zake. Aliulizwa asili yake tu. Kwa hiyo mtu akisema kwamba asili na kabila ni habari zinazotaka kulindwa kwa nguvu kuliko nyingine, nasi tuliokaa katika mji huu twamwelewa bila tafsiri.

SHERIA ZASEMA NINI?

Watu walipokwisha kuona madhara hayo, na walipoona mashine mpya ziwezazo kukusanya majina milioni kwa saa moja, walianza kutunga sheria. Jimbo la Hesse katika Ujerumani lilitangulia ulimwengu mzima mwaka 1970. Uswidi ikafuata mwaka 1973. Katika Afrika, Kepuvede ilikuwa ya kwanza, mwaka 2001. Nchi za Umoja wa Afrika ziliandika mapatano juu ya jambo hili mjini Malabo tarehe 27 Juni 2014, nayo yakaanza kuwa na nguvu tarehe 8 Juni 2023.

Na Kongo yetu? Raia wengi hudhani kwamba hatuna sheria. Tunazo.

Katiba ya tarehe 18 Februari 2006, katika kifungu cha 31, yampa kila mtu haki ya kuheshimiwa maisha yake ya faragha, na siri ya barua zake, simu zake na mawasiliano yake yote. Haki hiyo haiwezi kuguswa ila pale sheria inaporuhusu. Kifungu cha 29 chasema kwamba nyumba ya mtu haiingiliwi wala haipekuliwi ovyo. Wakumbukeni wale wakaguzi wa jikoni, kisha msome tena kifungu hiki. Hapo mtaona umbali tuliotembea.

Sheria ya makosa ya jinai, ya tarehe 30 Januari 1940, ilikwisha kuwaadhibu wale ambao kwa kazi yao wameaminiwa siri za watu, nao wakazitoa nje bila sababu ya haki. Sheria ya tarehe 14 Julai 2008 yawalinda watu wenye virusi vya UKIMWI, ili hali yao isitangazwe.

Lakini sheria iliyo kubwa kupita zote katika jambo hili ni ile ya tarehe 13 Machi 2023, namba 23/010, iitwayo kwa Kifaransa "Code du numérique". Hiyo yasema juu ya mambo mengi ya mashine na mitandao, na sehemu yake moja ni ya kulinda habari za watu. Nayo yazifunga pande zote mbili: serikali na ofisi zake, na makampuni na watu wa kazi za binafsi. Tukiyaeleza kwa maneno mepesi, mafundisho yake ni haya.

Kwanza, ridhaa. Habari zako zisichukuliwe kwa hila wala kwa kukuficha. Uambiwe, nawe ukubali, isipokuwa pale sheria yenyewe inapoamuru zichukuliwe.

Pili, kusudi. Habari iliyochukuliwa kwa kazi moja isigeuzwe kwa kazi nyingine. Namba uliyompa mwenye duka ili akujulishe mzigo umefika, si ruhusa ya kumwuzia mtu mwingine.

Tatu, kiasi. Karani aombe kile tu ambacho kazi yake yahitaji. Mwuza simu hana haja ya kujua dini yako.

Nne, muda. Kazi ikiisha, habari zisikae milele bila sababu.

Tano, ulinzi. Aliyezichukua azifungie, asije akazipata kila apitaye. Wala habari nzito, kama ugonjwa, kabila, dini na siasa, zisiguswe ila kwa masharti makali.

Sita, haki ya mwenyewe. Unayo haki ya kuuliza ni nini kilichoandikwa juu yako, kukiona, kusahihisha lililokosewa, na kwa sababu za haki kukataa au kutaka kifutwe.

Sheria haikusema kwamba serikali isijue kitu. Hakimu atafuta mwivi, mtoza kodi ahesabu kodi, daktari wa serikali azuie maradhi ya kuambukiza: haya yote yataka habari, na mkristo mwema hayakatai. Sheria yasema tu kwamba mwenye nguvu naye awe na mipaka, na mipaka hiyo iandikwe mahali ambapo mnyonge aweza kuisoma.

Tena sheria hiyo yaagiza kuwepo mamlaka ya kulinda habari za watu, iwezayo kupokea mashtaka ya raia. Hapa tuseme ukweli. Uzio mzuri bila mlinzi haumzuii fisi. Mtu akisimama katika mitaa yetu ataona bado fotokopi za kadi zimetupwa karibu na mashine, na karanga zimefungwa kwa karatasi zenye majina ya wagonjwa au alama za wanafunzi. Kwa miaka mingi kadi ya mpiga kura imetumika mahali pa kitambulisho, na kwa hiyo imetembea katika mikono mingi kuliko kadi yoyote nyingine. Sheria haitashuka barabarani kwa miguu yake yenyewe. Raia hawana budi kuiita.

MAJIRANI WETU WAMEANZA

Tuone jinsi sheria inavyofanya kazi pale inapoitwa. Twende katika nchi ya Kenya, wala si komini yetu yenye jina hilo. Nchi hiyo ilipata sheria yake mwezi wa Novemba 2019, kisha ikaweka kamishna wa kuisimamia. Mwezi wa Septemba 2023 kamishna huyo alitoza faini tatu ambazo kila mzazi afaa azijue.

Shule moja ya Nairobi ilitangaza picha za watoto bila ruhusa ya wazazi: ikatozwa shilingi 4,550,000. Nyumba moja ya starehe ilitangaza picha ya mteja wake bila kumwuliza: shilingi 1,850,000. Kampuni moja ya mikopo ya simu ilitumia majina na namba za watu kuwasumbua na kuwatisha: shilingi 2,975,000. Angalieni vema: hakuna katika haya lililokuwa jambo kubwa la siri za serikali. Yalikuwa mambo ya shule, ya meza ya chakula na ya deni dogo. Ndiyo mambo yetu ya kila siku.

Serikali yenyewe nayo haikuachwa. Mwezi wa Oktoba 2021 Mahakama Kuu ya Nairobi ilisema kwamba utoaji wa kadi mpya za "Huduma" haukufuata sheria, kwa kuwa serikali haikupima kwanza hatari ambazo ziwezekanazo kuzipata habari za raia.

Tena, mwaka 2023, kampuni moja ya kigeni iitwayo Worldcoin ilikuwa ikifanya kazi Nairobi. Iliwapiga watu picha ya mboni ya jicho kwa chombo cha mviringo, ikawapa sarafu za mtandaoni zenye thamani ya shilingi 7,000 hivi. Watu walipanga safu ndefu. Serikali ikasimamisha kazi hiyo mwezi wa Agosti mwaka huo huo, na mwezi wa Mei 2025 Mahakama Kuu ikaamuru habari hizo zifutwe. Wanafunzi wa katekisimo watamkumbuka hapa Esau, aliyerudi kutoka mawindoni na njaa, akauza haki yake ya mzaliwa wa kwanza kwa bakuli ya dengu. Njaa ya Esau ilikuwa ya kweli, nasi hatumcheki mtu mwenye njaa. Lakini dengu huliwa siku moja, na jicho halibadilishwi.

Uganda nayo ina sheria ya mwaka 2019. Rwanda ilipata yake mwaka 2021. Tanzania ilitunga yake mwaka 2022, ikaanza kutumika tarehe 1 Mei 2023.

KANISA LASEMAJE?

Mkristo hakusubiri mashine ili ajue kwamba siri ya mwenzake ni kitu kitakatifu. Amri ya nane yatukataza kumharibia mtu jina lake, hata kwa maneno ya kweli yasiyohitaji kusemwa. Padri afungwa na siri ya kitubio mpaka kufa. Mtakatifu Yohane wa Nepomuk alitoswa katika mto mjini Praha mwaka 1393, na mapokeo yasimulia kwamba alikataa kumfunulia mfalme maungamo ya malkia. Sikukuu yake ni tarehe 16 Mei.

Mtaguso wa Pili wa Vatikano, katika hati ya "Gaudium et spes" ya mwaka 1965, namba 26, uliihesabu haki ya faragha pamoja na haki ya chakula, mavazi na makao. Na Sheria ya Kanisa ya mwaka 1983, katika kanuni ya 220, yakataza mtu yeyote kuharibu jina jema la mwenzake au kuvunja faragha yake. Kanuni ya 535 yamwagiza paroko atunze vitabu vya ubatizo, vya ndoa na vya wafu, visiangukie mikononi mwa watu wa nje.

Basi nasi tujikague kabla ya kumnyoshea karani kidole. Je, orodha ya maskini wasaidiwao na parokia yabandikwa mlangoni? Je, wakati wa sala za waamini twatangaza ugonjwa wa mtu asiyetaka utangazwe? Je, picha ya mtoto wa Komunyo ya kwanza yasambazwa kabla mama yake hajaulizwa?

NYUMBANI KWETU

Baba na mama, sheria yaanza kwenu. Mtu akitaka kadi yenu au habari zenu, ulizeni maswali matatu kwa upole, pasipo ugomvi: Wazitakia nini? Nani atazitunza? Zitakaa hata lini? Karani mwema hatakasirika. Akikasirika, mmekwisha kupata jibu.

Kadi yenu isipigwe picha kwa simu ya mtu asiye na kibali cha kazi hiyo. Fotokopi mkiitoa, andikeni juu yake kazi yake na tarehe. Iliyoharibika irudi nayo nyumbani, msiiache katika mashine. Namba ya siri ya fedha haitajwi kwa mtu yeyote, hata akijua jina la babu yenu. Kosa likionekana katika faili, ombeni kwa barua lisahihishwe, na nakala ya barua muiweke.

Ninyi wanafunzi, msicheke kwa kusambaza picha ya mwenzenu aliyeanguka, aliyelia au aliyekosa mtihani. Picha hiyo hamtaweza kuiita irudi. Na ninyi mtakaokuwa makarani, wauguzi, walimu na wafanyakazi wa benki, kumbukeni kwamba kila ukurasa mtakaoufungua ni mtu aliyesimama mbele yenu.

Tumrudie sasa mama yetu wa Katuba. Tuseme siku ile chini ya mwavuli amemwambia kijana, "Mwanangu, ile simu unayopigia picha ni ya kazi au ni yako? Nionyeshe karatasi yako ya kazi." Labda kijana angalitahayari. Labda mama angalitembea hatua mia tatu zaidi mpaka kwenye duka lenye meza na jina mlangoni. Miguu ingalichoka kidogo, lakini mwezi wa Septemba watoto wake wangaliingia darasani pamoja na wenzao.